Kemi na Seti Mbili za Mama

Haya, sogeeni karibu. Wewe wa nyuma unanisikia? Vizuri, maana leo nawasimulia habari za Kemi, na Kemi hakuwa mtoto wa kupiga kelele.

Kemi alikaa Bukoba, karibu na ziwa. Mama yake alicheza mpira wa wavu. Si ule wa uwanja wa shule. Ule wa mchangani, peku peku.

Mama alikwenda kambini Mwanza kufanya mazoezi. Alikaa huko siku nyingi. Siku nyingi mno, ukimuuliza Kemi.

Nyumbani alibaki Shangazi Adela. Shangazi alipika vizuri. Alisuka vizuri pia, ila alivuta nywele. Mama havuti.

Usiku Kemi alijifunika kitenge cha Mama na kukinusa. Kila usiku harufu ya Mama ilipungua kidogo. Kemi alimkumbuka Mama sana.

Jumamosi Mama akarudi. Lakini basi lilichelewa, na mechi ilikuwa inamngoja. Akashuka, akaenda moja kwa moja mchangani.

Kemi alipofika na Shangazi, Mama alikuwa tayari ndani ya kamba iliyozunguka uwanja, upande wa mbali. Akampungia mkono. Jamani, kupungiwa mkono na kubebwa ni vitu viwili.

Priii, refa akapuliza filimbi.

Pu, mpira ukaenda. Pa, mpira ukarudi. Ukianguka kwa wale wengine, pointi ya Mama. Ukianguka kwa Mama, pointi yao.

"Shangazi, Mama anakuja saa ngapi?"

"Anatafuta seti mbili," alisema Shangazi, huku anatafuna senene. "Akizipata, anakuja."

Kemi akawaza. Seti mbili? Nyumbani kuna seti ya sufuria. Kuna na seti ya vikombe vya wageni, ile ambayo mtoto haruhusiwi kuigusa. Sasa Mama anatafuta nyingine za nini?

"Si acheze mtu mwingine, yeye aje?"

"Hakuna mwingine, mwanangu. Huku wawili, kule wawili. Hata ukichoka, unacheza wewe."

Kweli, walikuwa wawili tu. Mama na mwenzake, dada Devota.

Pu. Pa. Pu. Pa. Pointi za huku na pointi za kule, ukizijumlisha, zikafika saba.

Priii. "Badilisheni upande," akasema refa.

Mama huyo, anakuja. Akaja mpaka karibu kabisa na kamba. Kemi aliona jasho lake. Aliona na mchanga shingoni. Akanyoosha mkono, lakini mkono haukufika.

Pu. Pa. Pu. Pa. Zikaingia pointi nyingine saba.

Priii. "Badilisheni upande."

Mama huyo, anakwenda. Kemi akarudisha mkono mapajani.

Ikawa hivyo hivyo. Kila pointi saba, Mama huyo, anakuja. Kila pointi saba, Mama huyo, anakwenda.

Mama akafika pointi ishirini na moja. Watu wakapiga makofi. "Seti ya kwanza hiyo," alisema Shangazi.

Wachezaji wakaenda kunywa maji. Kemi akakimbia mpaka kwenye kamba.

"Mama," alisema. "Seti tunazo nyumbani. Ya sufuria na ya vikombe. Acha kutafuta. Twende."

Mama alicheka, maji yakamtoka puani. Kisha akamtazama Kemi, akaacha kucheka.

"Seti hizi si za kabatini, Kemi wangu. Ni vipande vya mchezo. Anayeshinda vipande viwili ndiye mshindi, na mchezo unaisha. Nimepata kimoja. Bado kimoja."

"Kimoja tu?"

"Kimoja tu. Halafu nakubeba."

Priii.

Kemi akakaa, akangoja. Pu. Pa. Mama huyo, anakuja. Pu. Pa. Mama huyo, anakwenda.

Mama akafika ishirini na moja tena. Kemi akainuka, akainama apite chini ya kamba. Shangazi akamshika gauni.

"Wewe, unakwenda wapi?"

"Ishirini na moja imefika."

"Imefika, lakini wapinzani wake wana ishirini. Lazima awaache kwa pointi mbili. Moja haitoshi."

Kemi akakaa. Na wale wengine, hawana hata huruma, wakafunga. Wakafunga tena. Wakafunga tena. Ishirini na tatu kwa ishirini na moja. Seti ya pili ikawa yao.

Hapo Kemi akalia. Alilia kimya kimya, machozi yanaingia mdomoni.

"Kila mmoja ana moja," alisema Shangazi, na safari hii hakutafuna kitu. "Inachezwa ya tatu. Hii ni fupi, mwisho kumi na tano. Na wanabadilishana kila pointi tano."

Tano ni chache kuliko saba. Mama huyo, anakuja. Mama huyo, anakwenda. Mama huyo, anakuja.

Kumi na tatu kwa kumi na tatu. Pu, mpira ukaruka juu. Mama akauendea, akajitupa, akaanguka puu mbele ya Kemi. Mpira akauwahi. Dada Devota akaumalizia upande wa pili. Kumi na nne.

Mama alikuwa bado chini. Uso wote mchanga. Alikuwa anahema. Akainua macho, akamwona Kemi.

Kemi angeweza kusema, njoo. Neno lilikuwa limeshafika mdomoni.

"Cheza tu, Mama," alisema. "Nakungoja."

Mama akainuka.

Pu. Pa. Pu. Mpira ukapita juu ya wavu, ukaenda, ukaenda, ukaanguka mchangani ndani ya mstari kabisa.

Kumi na tano kwa kumi na tatu. Pointi mbili. Priiiiii.

Watu wakashangilia. Dada Devota akageuka amkumbatie mwenzake, akakumbatia upepo.

Mama alikuwa ameshapita chini ya kamba. Alimnyanyua Kemi juu, akambana kifuani na mchanga wake wote na jasho lake lote.

Usiku huo Kemi alipanda kitandani kwa Mama. "Nisimulie mambo ya Mwanza," alisema.

"Mwanza," Mama akaanza, "kuna mawe makubwa..." Akanyamaza. Alikuwa ameshalala fofofo, mdomo wazi.

Kemi akamfunika vizuri, mabega mpaka miguu. Akaweka mkono wake juu ya tumbo la Mama. Tumbo likapanda, likashuka. Likapanda, likashuka.

Kemi naye akalala.