Bahari Imefunikwa na Ungo

Somoe anakaa Newala, juu mlimani.

Asubuhi kuna ukungu mzito. Kuku wakipita uani, unaona miguu yao tu.

Somoe hajawahi kuiona bahari. Hata kidogo. Hata pembeni.

"Maji ya bahari yana chumvi," alisema Bibi, mama yake Mama, siku moja. "Yana chumvi kuliko mchuzi wa mama yako."

"Mama, jamani!" aliita Mama kutoka jikoni. "Mchuzi wangu umekukosea nini?"

Bibi alicheka. Lakini Somoe hakucheka.

"Ha!" Macho yakamtoka Somoe.

Maji mengi namna hiyo, yote yana chumvi? Nani aliyeitia?

"Nataka kuyaonja," alisema Somoe. "Kwa ulimi wangu mwenyewe."

Jioni moja Baba alirudi nyumbani akipiga mluzi.

"Rafiki yangu ameniazima gari," alisema. "Jumamosi na Jumapili. Tutakwenda pwani!"

"Ha!" Macho yakamtoka Somoe.

"Tutapita Mtwara," alisema Baba. "Tutapita Mikindani. Tutafika mpaka Lindi. Barabara inaambaa pwani, bahari iko hapo hapo!"

Somoe aliruka. Ruu! Akaruka tena. Ruu!

"Tulia kwanza," alisema Mama. "Safari hupangwa. Njooni tuipange."

Mama alitandika mkeka sebuleni. Mkeka ulikuwa nchi kavu.

Kisha alichukua kanga yake ya bluu. Akaikunja, ikawa ndefu na nyembamba. Akailaza kando ya mkeka.

"Hii ni bahari," alisema Mama.

Somoe aliipapasa. Bahari ilikuwa laini.

Baba alileta kamba ya ndoo. Akainyoosha mkekani, karibu kabisa na kanga.

"Hii ni barabara," alisema Baba.

Somoe alileta gunzi la muhindi.

"Na hili ni gari," alisema Somoe. "Ngruuu, ngruuu, puu!"

"Kwa nini linasema puu?" aliuliza Bibi.

"Ni gari la kuazima," alisema Somoe.

Gari lilianza safari. Ngruuu, ngruuu, puu! Lilifika Mtwara.

"Simama!" alisema Baba. "Hapa anakaa Shangazi yako. Ni dada yangu mkubwa. Hatuwezi kupita mlangoni kwake bila kuingia."

"Thubutu!" alisema Mama. "Tukipita tu, Wifi atanuna mpaka Idi."

"Na tukiingia, tutakula," alisema Baba. "Shangazi hapiki kidogo. Anapika sinia zima."

Mama alileta sinia. Lakini mkeka ulikuwa umejaa. Bibi alikuwa amenyoosha miguu.

"Weka huku," alisema Bibi.

Mama akaliweka sinia juu ya kanga. Paa!

"Ha!" Macho yakamtoka Somoe. "Na bahari je?"

"Ipo, mwanangu," alisema Baba. "Bahari haikimbii."

Ngruuu, ngruuu, puu! Gari lilifika Mikindani.

"Simama!" alisema Mama. "Hapa anakaa Mama Mdogo. Mdogo wangu amejifungua juzi juzi tu. Ni lazima tumwone mtoto."

"Tumwone, tumbebe, tumwogeshe," alisema Bibi.

Mama alileta beseni la kuogeshea mtoto. Akaliweka juu ya kanga. Paa!

"Ha!" Macho yakamtoka Somoe. "Na bahari je?"

"Ipo, mwanangu," alisema Baba. "Bahari haikimbii."

Ngruuu, ngruuu, puu! Gari lilifika Lindi.

"Simama!" alisema Bibi. "Hapa anakaa shoga yangu, Bi Siwema. Tulicheza pamoja tukiwa wadogo kama wewe. Tuna mengi ya kuongea."

"Mengi kiasi gani, Bibi?" aliuliza Somoe.

Bibi alifikiri.

"Ungo mzima," alisema.

Mama alileta ungo. Ulikuwa mkubwa na wa duara. Akauweka juu ya kanga.

PAA!

Somoe alitazama.

Alitazama upande huu. Sinia.

Alitazama katikati. Beseni.

Alitazama upande ule. Ungo.

Bluu ilikuwa wapi? Hakukuwa na bluu. Hata kidogo. Hata pembeni.

"HA!" alilia Somoe. "Bahari imekwisha!"

Akamgeukia Baba.

"Baba," alisema Somoe, "wewe umekwenda Mtwara mara nyingi. Maji ya bahari yana chumvi kweli?"

Baba alikohoa. Koho, koho.

"Watu wanasema yana chumvi," alisema.

"Watu?" aliuliza Mama. "Kwani wewe hujayaonja?"

Baba alijikuna kichwa.

"Bahari naiona dirishani," alisema polepole. "Kisha naingia kwa Dada. Nikiingia, nakula. Nikila, nalala. Nikiamka, giza."

"Ha!" alisema Mama.

"Ha!" alisema Bibi.

"Haaa!" Macho yakamtoka Somoe. Mtu mzima kama Baba, na hajawahi kuingia baharini!

Somoe alijua sasa. Mambo yatakuwa hivyo hivyo. Ataingia. Atakula. Atalala. Akiamka, giza.

Chozi moja lilidondoka. Tone! Liliangukia mdomoni.

Lilikuwa na chumvi.

Somoe alitazama vyombo. Akafikiri. Akafikiri tena.

Alivuta sinia polepole. Srrr. Akaliweka ukingoni, pale kanga inapokutana na mkeka.

Alivuta beseni. Srrr. Akaliweka ukingoni.

Alivuta ungo. Srrr. Akauweka ukingoni.

Bluu ikatokea! Bluu ndefu, kutoka Mtwara mpaka Lindi.

"Kila mji una ufukwe wake," alisema Somoe. "Shangazi aje ufukweni kwake. Mama Mdogo aje kwake. Bi Siwema aje kwake. Tule huko huko, mchangani."

"HA!" walisema wakubwa wote.

"Umwite Shangazi?" alisema Baba. "Mtu mkubwa hivyo? Sisi ndio tunaomfuata yeye nyumbani. Nitaanzaje kumwita?"

"Mimi simo," alisema Mama. "Wifi akinuna, hata ukuta unanuna."

"Mimi ni mkwe," alisema Bibi haraka. "Siwezi kabisa."

Somoe alinyoosha mkono.

"Nipeni simu," alisema. "Nitamwambia mimi."

Krii. Krii. Krii.

"Haloo! Nani huyo?"

Sauti ya Shangazi ilijaa sebule nzima.

Moyo wa Somoe ulipiga. Du-du, du-du.

"Shikamoo, Shangazi."

"Marahaba, Somoe! Hujambo, mwanangu?"

"Sijambo. Shangazi, tunakuja Jumamosi."

"Karibuni sana! Nitapika!"

"Shangazi…" Sauti ya Somoe ikawa ndogo. "Mimi nataka kuyaonja maji ya bahari. Na nikiingia kwako, nitakula. Nikila, nitalala. Nikiamka, giza."

Somoe aliishika simu kwa mikono miwili.

"Kwa hiyo, tafadhali, njoo ufukweni. Uje na sinia lako. Tule wote mchangani."



Baba alifumba macho. Mama aliuma kidole. Bibi alitazama dari.

"HAAA!" alisema Shangazi.

Kuku waliokuwa mlangoni waliruka. Kwekwekwe!

"Umenuna, Shangazi?" aliuliza Somoe.

"Sikiliza, mwanangu," alisema Shangazi. "Mimi naisikia bahari kila siku. Shuuu, nyuma ya nyumba. Wageni wanakuja, napika. Wageni wanaondoka, naosha masufuria. Hajatokea mtu hata mmoja akaniambia, njoo ukae mchangani."

"Kwa hiyo umenuna?"

"Nani kanuna? Natafuta kapu!" alisema Shangazi. "Mwambie baba yako alete korosho. Na asichelewe!"

Kate! Simu ikakatwa.

Somoe aliwatazama wakubwa. Wakubwa walimtazama Somoe.

Macho yalikuwa yamewatoka wote.

Mama Mdogo naye alipigiwa simu. "Nitakuja na mtoto," alisema.

Bi Siwema naye alipigiwa. "Mwambie Bibi yako nakuja na maneno yangu yote," alisema.

Jumamosi ilifika, na ukungu wake.

Waliingia garini. Baba usukani. Bibi mbele, na mfuko wa korosho. Mama na Somoe nyuma. Mama alijifunga kanga yake ya bluu.

Ngruuu, ngruuu… puu!

"Si nilisema?" alisema Somoe.

Gari liliteremka mlima. Ukungu ulibaki juu. Mikorosho, mikorosho, mikorosho.

"Na bahari je?" aliuliza Somoe.

"Bado," alisema Baba.

Mikorosho, mikorosho, minazi.

"Na bahari je?"

"Bado kidogo."

Minazi, minazi, kona…

"HA!"



Bluu. Bluu kubwa. Bluu mpaka mbingu ilipoanzia. Haikuwa na mwisho, na hakukuwa na ungo wa kuifunika.

Shangazi alikuwa tayari ufukweni. Alikuwa amekaa mchangani, miguu mbele. Pembeni yake kulikuwa na kapu, na juu ya kapu, sinia.

"Mmechelewa!" alisema. "Mimi nimeshalowa!"

Kweli, gauni lake lilikuwa linachuruzika. Tone, tone, tone.

"Ha! Wifi!" alisema Mama. Akacheka mpaka akakaa chini.

Somoe alivua kandambili. Alimshika Baba mkono. Wakaenda pamoja, hatua ndogo, hatua ndogo.

Shuuu! Wimbi lilikuja.

Somoe aliinama kunywa. Shaaa! Wimbi likarudi nyuma.

"Ha! Baba!" alipiga kelele Somoe. "Ulisema bahari haikimbii! Mbona inakimbia?"

Baba alitazama maji yakikimbia.

Shuuu! Wimbi likarudi. Liliwapiga magotini, wote wawili.

Somoe alichota maji kiganjani. Baba naye alichota. Wakatazamana.

Wakaonja.

"HA!"

Macho yakamtoka Somoe. Macho yakamtoka Baba.

"Yana chumvi!" alisema Somoe.

"Yana chumvi!" alisema Baba. "Kweli yana chumvi!"

"Kuliko mchuzi wangu?" aliuliza Mama kutoka mchangani.

Somoe na Baba walionja tena, ili wawe na hakika.

"Kidogo tu!" walijibu.

Walikula pilau la sinia mchangani. Punje mbili tatu za mchanga ziliingia. Kruchu, kruchu. Shangazi alisema hilo ndilo pilau tamu kuliko yote aliyowahi kupika.

Ngruuu, ngruuu, puu! Mikindani.

Mama Mdogo alikuwa amesimama majini na mtoto wake. Mama akawafuata, ncha ya kanga yake ikalowa. Walimchovya mtoto vidole vya miguu. Mtoto alitoa macho.

"Ha," alisema mtoto.

Ngruuu, ngruuu, puu! Lindi.

Bi Siwema alikuwa ufukweni, amevaa miwani. Bibi alishuka garini, akakimbia. Bibi! Alikimbia!

"Ha!" alisema Somoe.

Bibi na Bi Siwema waliloweka miguu, wakaongea. Waliongea mpaka jua likawa jekundu. Ungo ulikuwa bado haujaisha.

"Yatakayobaki tutayamalizia nyumbani," alisema Bi Siwema.

Wakaenda kulala kwake.

Somoe alilala kwenye mkeka, karibu na dirisha. Mchanga ulikuwa bado umo masikioni.

Huko nje bahari ilivuma. Shuuu. Shaaa. Shuuu. Shaaa.

"Mama," alinong'ona Somoe. "Nani aliitia chumvi?"

"Mimi sijui, mwanangu."

"Kesho nitamuuliza Shangazi. Huenda ni yeye. Yeye hapiki kidogo."

Mama alicheka taratibu. Alifungua kanga yake ya bluu, akaitandaza. Akamfunika Somoe kuanzia miguuni, mpaka magotini, mpaka kidevuni.

Bahari nzima ilikuwa juu ya Somoe. Ilikuwa laini.

Somoe alitoa ulimi. Akaonja ncha ya kanga.

"Ha," alinong'ona.

Ilikuwa na chumvi.

Shuuu, ilisema bahari. Shaaa.

Na macho ya Somoe, yaliyotoka siku nzima, yakafumba.