Kadi ya Kupimia Sauti

"Land Cruiser nyeupe nyuma yako. Kata kushoto!"

Sauti ya mhariri wa filamu, aliyekuwa akichungulia toka ghorofani, ilikwaruza sikioni. Jicho akakata. Pikipiki yake ya Yamaha ikalala, nusura ilambe lami, ikazama kwenye uchochoro wa maseremala.

Miaka kumi Jicho aliipelelezea serikali. Sasa aliwapelelezea watengeneza filamu watatu wasio na hata mbwa wa kuwalinda.

Mfukoni alikuwa na kadi ya kamera. Dakika ishirini za bohari ambamo watu hufungiwa wakingoja kuuzwa ng'ambo. Jioni meli ingeondoka na watu arobaini. Filamu ilipaswa kufika televisheni kabla ya saa tisa.

Kwenye soli ya kiatu alificha kadi nyingine, ya kupimia sauti. Takataka, aliambiwa. Hiyo ndiyo ya kuwatupia fisi.

Aliyesimulia filamuni ni mpishi wa bohari. Sura ilifichwa, sauti ikageuzwa.

"Mwanangu, wakinijua nimekwisha," alimwambia Jicho.

"Mama, jina lako halinitoki hata waning'oe kucha."

Uchochoro ukaishia ukutani.

Lo! Wanaume wawili wa Land Cruiser nyuma yake, bastola mbili.

"Leta kadi."

Jicho akajitetemesha, akavua kiatu, akawapa ile ya kwenye soli. Wakaipokea na kutokomea bila hata kumzaba kofi. Wajinga ndio waliwao, akajisemea.

Saa tisa kasoro dakika tatu, filamu ilikuwa mikononi mwa televisheni. Saa kumi ikaruka hewani. Saa kumi na moja meli ilizuiwa, watu arobaini wakashuka wakijikinga macho na mwanga.

Ukumbi wa habari wa televisheni, alikokuwa Jicho, ulilipuka kwa vigelegele. Mhariri akapiga simu, analia kwa furaha.

"Dada, uliwapa nini wale?"

"Ile kadi yenu ya kupimia sauti."

Mhariri akaacha kulia. "Hiyo hiyo hasa?"

"Ndiyo. Kwani ina nini?"

"Kabla ya mahojiano huwa tunamwuliza mtu maswali mepesi, azoee maikrofoni. Jina lake. Anakaa wapi. Asubuhi kanywa nini. Hata mpishi tulimwuliza, taa zikiwa zimewaka, sura yake wazi, dada."

"Na hukuniambia!"

"Sisi huwa hatuihesabu kama filamu. Tunaifuta tu."

Jicho akamkatia simu. Akapiga namba ya mpishi. Ikaita mpaka ikakatika. Akapiga tena.

"Chai ya rangi, bila sukari," ilijibu sauti ya mwanamume, taratibu. "Kama alivyosema mwenyewe. Kikombe bado cha moto."

Simu ikakatwa.

Jicho alitimiza kiapo. Jina halikumtoka mdomoni. Lilitoka kiatuni, kwa mkono wake mwenyewe, naye akawacheka waliolipokea.

Akavaa miwani myeusi, akapita katikati ya waliokuwa wakimpigia makofi. Mmoja akanong'ona, "Huyu mama hana hata jasho!"

Pikipiki ilikuwa ng'ambo ya barabara. Jicho aliiendea polepole, maana hapakuwa tena na pa kuwahi.