Chembe Nyeusi Kwenye Kikombe cha Baba Mkwe

"Umemwekea nini baba yangu?!"

Kofi likatua kabla sijafungua mdomo.

Masikio yakavuma. Nikaona nyota saa moja na nusu ya asubuhi!

Jamani, nisomeni mpaka mwisho. Halafu mniambie, mngekuwa mimi mngefanyaje...

Aliyenipiga ni wifi yangu, dada wa mume wangu. Ni msusi, anakaa nyumba ya tatu kutoka kwetu, na alikuja mbio aliposikia mayowe yangu. Pale jikoni, sakafuni, alikuwa amelala baba mkwe wangu, mzee wa miaka sabini na moja. Damu inamtoka juu ya sikio. Macho yamegeuka, meupe.

Na mkononi mwa wifi kulikuwa na kikombe.

Kikombe nilichompelekea mzee kwa mikono yangu mwenyewe, dakika kumi tu zilizopita!

"Tazameni!" akawaonyesha majirani waliojazana mlangoni. "Tazameni chini humu!"

Nikachungulia.

Chini ya ile kahawa iliyobaki kulikuwa na chembechembe nyeusi. Nyeusi tii! Kama kitu kilichosagwa.

"Hayo machicha ya kahawa," nikasema.

"Machicha? Kwenye mashine?"

Akanipata hapo. Kahawa yetu ni ya mashine, ile ya vikopo vidogo. Unachomeka kimoja, unabonyeza, unapata kikombe kimoja kisafi. Mwaka mzima sijawahi kuona chembe hata moja.

"Haki ya Mungu sijaweka kitu!"

Nikamgeukia mume wangu. Alikuwa amesimama kando ya friji, tai yake haijafungwa vizuri, anakikodolea macho kile kikombe kama kimemwita jina.

"Baba Nanii, waambie! Si unanijua?"

Akavuta fundo la tai yake.

"Tumpeleke mzee hospitali kwanza," akasema.

Hayo tu.

Wakambeba mzee. Gari ikaondoka. Mimi nikaachwa mlangoni na shavu linawaka, majirani wananitazama kama nyoka aliyeingia chumba cha watoto.

Ngoja niwaeleze kidogo tulivyoishi.

Mimi ni fundi cherehani, nashonea nyumbani. Mume wangu ni mwalimu mkuu msaidizi, mtu wa heshima zake. Akipita barabarani watu wazima wanamwamkia. Baba yake alihamia kwetu miaka miwili iliyopita, mama mkwe alipofariki. Nani alimpikia? Mimi. Nani alijua vidonge vyake vya sukari anameza saa ngapi? Mimi. Nani alimfulia? Msiulize.

Lakini sikuwa malaika. Ijumaa, siku tatu kabla ya hayo, nilimpigia wifi simu.

"Wifi, nimechoka. Njoo umchukue baba hata wiki moja. Mgongo hauna hali."

Sasa Jumatatu hiyohiyo jioni, wifi akarudi kutoka hospitali na ile Ijumaa yangu mdomoni.

"Ulisema umechoka naye! Ulisema! Kumbe ulikuwa unamuaga!"

"Wifi, mtu akichoka ndiyo anaua?"

"Daktari kasema sukari ilishuka ghafla, akaanguka, akapiga kichwa kwenye meza. Mpaka sasa hajafumbua macho. Sukari imeshushwa na nini kama si hiyo dawa yako nyeusi?"

"Mzee jino lilimuuma, jana usiku hakula! Asubuhi kameza vidonge tumbo tupu, mimi nilikuwa namkaangia yai..."

"Kikombe kiko polisi," akanikata. "Huko ndiko utakakokaangia mayai."

Mume wangu aliingia nyuma yake. Nikamkimbilia. Nikamshika mikono yote miwili, nikapiga magoti palepale sebuleni, juu ya vipande vya vitambaa vyangu.

"Nitazame machoni. Unaamini nimemwekea baba sumu?"

Hakunitazama, wapendwa. Alitazama cherehani.

"Nenda kakae kwa mama yako mdogo kwa sasa," akasema taratibu. "Mpaka mambo yatulie."

"Na mtoto?"

"Mtoto abaki kwa shangazi yake."

Binti yangu ana miaka saba. Alikuwa amejificha nyuma ya pazia, anasikia kila kitu. Nilipobeba begi aliniuliza kwa sauti ndogo...

"Mama, babu atakufa?"

Nikambusu kichwani, nikatoka.

Jumanne ile sitaki hata kuikumbuka. Nilihojiwa polisi tangu asubuhi. Swali moja, mara ishirini. Nani alibonyeza mashine? Mimi. Nani alibeba kikombe? Mimi. Kuna mtu mwingine aliyekigusa? Hakuna. Kila jibu la kweli lilikuwa linanizika.

Mchana nikaenda hospitali na uji kwenye chupa. Wifi akanizuia kwenye korido.

"Ukisogea hatua moja napiga kelele."

Nikakaa nje, kwenye ngazi, nimeikumbatia ile chupa mpaka uji ukapoa. Nikampigia mume wangu simu mara kumi na moja. Mara kumi na moja! Inaita, inakatwa.

Huko kwa mama mdogo nililala chini, sikufumba jicho. Nilifika mahali nikaanza kujishuku mwenyewe. Je, nilishika kitu? Vumbi la chaki ya kushonea? Lakini chaki yangu ni nyeupe! Mama mdogo aliniambia, "Mwanangu, kula." Nikashindwa hata kumeza maji.

Jumatano saa nne, askari aliyeshika faili langu akaniita.

"Majibu yametoka," akasema.

Nikavuta kiti, nikakaa.

"Si sumu. Ni mkaa."

"Mkaa?"

"Mkaa. Kwako unapikia nini?"

"Gesi."

"Basi huo mkaa kikombeni umetoka wapi?"

Nikatoka pale nikitembea kama mlevi. Mkaa! Kwangu hakuna jiko la mkaa. Hakuna hata gunia. Kahawa ni maji na kikopo, basi. Maji na kikopo...

Nikasimama katikati ya njia. Pikipiki ikanipigia honi, sikujali.

Maji!

Ile mashine ina tangi la maji kwa nyuma, na ndani ya tangi kuna kishikio cha plastiki. Kwenye kishikio unaweka filta, kifuko kidogo cheupe cha kuchuja maji. Ya kwanza ilikuja na mashine. Siku niliyoitupa, baada ya miezi miwili, ilipasuka mkononi mwangu. Na ndani ilikuwa na nini?

Punje za mkaa!

Tangu hapo hatukuweka nyingine. Maji yetu ya bomba yananuka dawa, yanaacha chokaa kila mahali, kahawa ikaanza kuwa na ladha ya maji ya bwawa la kuogelea. Mzee alilalamika. Nikamwomba mume wangu wiki baada ya wiki, "Tununulie filta." Kila siku kesho.

Nikaenda nyumbani. Ufunguo ninao, ni kwangu pia. Nikafungua mfuniko wa tangi.

Filta mpya! Nyeupe, imekaa kwenye kishikio chake. Na chini ya tangi, punje nyeusi zimetapakaa.

Jamani, nililia nikacheka kwa pamoja. Nimeokoka! Sasa nani kaiweka? Mzee? Labda alitaka kutushangaza, maskini. Nikaitia kwenye mfuko, nikakimbilia duka la vifaa vya umeme, lile tulilonunua mashine. Mwenye duka sote tunamwita Miwani.

"Miwani, hii umeiuza wewe?"

Akaigeuzageuza.

"Ndiyo, shemeji. Kwani hamkuiloweka?"

"Kuiloweka?"

"Filta mpya lazima uiloweke kwenye maji dakika tano, halafu uisuuze bombani mpaka maji yatoke safi. Usipofanya hivyo ule unga wa mkaa unaingia kwenye kikombe. Hauna madhara, ila unatisha. Mbona nilimwambia?"

"Ulimwambia nani? Mzee?"

"Mzee gani? Mumeo! Alinunua Jumamosi."

Duka likazunguka.

Nikashika meza. Mume wangu? Basi hakukumbuka. Amechanganyikiwa na hali ya baba yake, kasahau. Nilimtafutia sababu, wapendwa. Mpaka pale nilikuwa bado namtafutia sababu!

Miwani akaendelea kufuta vumbi kwenye pasi zake, hajui anachokifanya.

"Na Jumatatu mchana kanipigia simu. Anauliza, eti ule mkaa unaweza kumuua mtu? Nikacheka. Nikamwambia, mwalimu, huo hata mtoto akimeza unatoka tu. Akashukuru, akakata."

Jumatatu mchana.

Jumatatu mchana!

Kwa hiyo nilipopiga magoti juu ya vitambaa vyangu jioni ile, alikuwa anajua. Nilipokuwa polisi, anajua. Simu kumi na moja... anajua!

Sikumbuki nilivyofika hospitali.

Walikuwa koridoni, yeye na dada yake, wamekaa kwenye benchi. Wifi akasimama.

"Nilikwambia..."

"Kaa chini, wifi. Leo si zamu yako."

Nikauweka ule mfuko mapajani mwa mume wangu.

Aliufungua. Akaona. Uso wake ukawa wa mtu mwingine kabisa, mzee kuliko baba yake.

"Hiki nini?" wifi akauliza.

"Muulize kaka yako."

Nesi akapita na toroli.

"Kaka?"

"Niliiweka Jumatatu asubuhi," akasema akitazama sakafu. "Nilikuwa nachelewa shule. Sikuiloweka. Baba alipoanguka, nikaona zile chembe... nikajua nimemuua mimi. Niliogopa."

"Uliona napigwa kofi," nikasema.

"Niliogopa, mke wangu."

"Sawa. Asubuhi uliogopa. Na mchana, Miwani alipokwambia mkaa hauui? Jioni ulikuwa unaogopa nini?"

Akaanza kuufunga ule mfuko.

Wifi aliteleza kutoka kwenye benchi mpaka sakafuni. Akashika kichwa kwa ile mikono yake ya ususi.

"Nimempiga..." akawa anasema. "Kaka, nimempiga mbele za watu. Nimempeleka polisi. Na wewe ulikuwa umekaa hapahapa kando yangu unakula ndizi!"

Mlango wa wodi ulikuwa wazi. Sauti dhaifu ikatoka ndani.

"Nani huyo? Ni mkwe wangu?"

Mzee alikuwa amezinduka alfajiri hiyo! Hakuna aliyeniambia.

Niliingia. Bandeji kichwani, midomo imekauka. Alisikia kila kitu, ukuta ule ni mbao tu. Akanishika mkono.

"Mwanangu, jino ndilo lililonikosesha chakula. Mimi mwenyewe nilimeza vidonge na njaa. Hakuna aliyenidhuru."

Halafu akamwita mwanawe. Mwalimu mkuu msaidizi akasimama miguuni mwa kitanda kama mwanafunzi mtoro.

"Kosa lako lilikuwa la dakika tano," mzee akamwambia. "Hilo la siku tatu ni lipi?"

Hajajibu mpaka leo.

Faili polisi lilifungwa. Binti yangu niko naye, tumepanga vyumba viwili karibu na shule yake, cherehani iko dirishani. Mzee sasa anaishi kwa wifi, na kila Jumapili anakuja kwangu anakula kwanza, ndipo anameza vidonge.

Wifi alikuja kwa mama mdogo kesho yake baada ya yale ya hospitali, akapiga magoti, akalia mpaka kilemba kikaanguka. Nimemsamehe. Kuna watu wananishangaa. "Aliyekupiga umsamehe, asiyekugusa umkatae?" Ndiyo! Wifi aliamini uongo. Mume wangu aliujua ukweli.

Juzi alikuja. Amekonda, shati halijapigwa pasi. Akasema anataka mke wake na mtoto wake, yuko tayari kwa lolote.

"Lolote?"

"Lolote."

"Basi nenda mtaani kwetu. Waite wale majirani waliojaa mlangoni siku ile. Waambie ulichofanya. Hilo tu, mengine tutaongea."

Akakuna shingo.

"Lakini mke wangu... watu watanionaje?"

Nikafunga mlango. Taratibu, mtoto alikuwa amelala.

Wapendwa, kukosea ni kwa kila mtu, na hofu ni ya kila mtu. Lakini ukikosea sema mapema, kabla mwingine hajabebeshwa mzigo wako. Na wewe unayechagua wa kuishi naye, usimpime siku mambo yakiwa mazuri. Subiri siku ambayo ukweli utamwaibisha yeye, uone atasimama upande gani.