Kichomi Kiliwafuata Dunguni

Mpunga ukianza kuzaa, kijiji kinabaki na kuku na wagonjwa. Wenye nguvu wote wanavuka mto kuhamia madungu. Dungu ni kibanda cha miti kilichoinuliwa juu. Ukikaa humo unaliona shamba lako lote, na nguruwe hakufikii. Unakula humo na unalala humo. Kazi ni moja tu, kuamia. Ndege wakitua kwenye mpunga, unawafukuza. Ukisinzia nusu saa, ujue umewalimia ndege.

Abbasi hakuwa mtu wa kusinzia. Alikuwa na miaka ishirini na minne. Shule aliiacha darasa la tano, maana kukaa kwenye dawati kulimwasha. Mdomo wake haukuwa na breki. Yeye alisimama upande wa juu wa shamba na kombeo lake. Mkewe Mwantum alisimama upande wa chini akipiga debe, mtoto mgongoni. Mtoto aliitwa Tasnim. Alikuwa na miezi mitatu, na ndiye wa kwanza wao.

"Baba Tasnim," Mwantum alisema asubuhi moja wakinywa uji. "Tarehe ya kliniki imepita wiki tatu sasa."

"Tarehe ya nini?"

"Ya sindano. Nesi alisema za kichomi ni tatu. Mtoto kapata moja."

"Moja si sindano? Au ile ilikuwa maji?"

"Alisema tatu."

"Na ndege nao wamesema watatusubiri? Kwenda na kurudi ni siku nzima. Upande wako ataamia nani? Mama yako?"

"Mama yangu mwache. Kakukosea nini?"

"Basi tukivuna tutakwenda. Atachomwa zote kwa mpigo."

Mwantum akamfunga mtoto mgongoni, akashika debe lake. Mwaka wenyewe ulikuwa 2013, na chanjo ya kichomi ilikuwa mpya nchini. Wazazi wengi walikuwa hawajaijua. Abbasi ndiye asiyeijua kabisa, na hakuuliza.

Haikupita wiki Tasnim akaanza kukohoa. Abbasi akasema ni umande. Mwili ukachemka, Abbasi akasema ni malaria. Kila ugonjwa kwake ulikuwa malaria au umande. Mfukoni alikuwa na vidonge viwili vya rangi mbili, vile vya kuua vijidudu. Alinunua vinne duka la dawa baridi, Kibiti, siku alipokohoa mwenyewe. Alimeza viwili, akajiona mzima, viwili akaviweka akiba.

Akafungua kimoja. Akamwaga nusu ya unga kwenye kijiko. Mwantum akakamua maziwa kidogo, wakamnywesha mtoto.

"Una hakika na hiyo?" Mwantum aliuliza.

"Dawa ni dawa."

Kesho yake homa ikashuka kidogo. Abbasi akajipiga kifua. "Umeona? Daktari wako huyu hapa." Lakini jioni mtoto akakataa ziwa.

Asubuhi iliyofuata alipita Mwinjuma, jirani wa dungu la pili. Huyu na Abbasi walikuwa watani, hawakusalimiana bila matusi.

"Hodi, mfalme wa ndege! Umelala? Kwelea wako mezani wanakula!"

"Wakimaliza kwangu watakuja kwako, mroho wewe. Panda, uji upo."

Mwinjuma akapanda ngazi. Alipomwona mtoto, kicheko kikamtoka usoni. Akachuchumaa, akainua khanga.

"Abbasi, huyu mbona anahema hivi? Kama aliyekimbizwa na nguruwe."

"Ana mafua."

"Mafua yako puani. Huyu tumbo na mbavu zote zinacheza. Sikiliza, mwenzangu. Mwanangu mwaka juzi alihema hivi hivi. Nikasema ngoja, kesho atakuwa mzima. Kesho yake tulikuwa tunachimba."

Abbasi akatazama shamba, akatazama mtoto.

"Na mpunga?" aliuliza. Hapo hapo akatamani neno lile limrudi mdomoni.

"Mke wangu ataamia kote, kwako na kwangu, mpaka nirudi. Mpunga ukibaki na mtoto hayupo, utamlisha nani? Ingieni mtumbwini!"

Mwinjuma alipiga kasia kama mwizi anayefukuzwa. Mwantum alikaa katikati, macho kwenye kifua cha Tasnim. Abbasi alishika kasia la pili.

Zahanatini walimkuta Nesi Petronila. Alikuwa mtu wa Songea, mwaka wa sita yuko delta, na mbu wa huku bado hajawazoea. Hakuuliza maswali mengi. Alimlaza Tasnim mapajani mwa mama yake, akamfunua nguo mpaka kifua kikabaki wazi. Kisha akatoa saa.

"Sista, mtoto anakufa wewe unatazama saa?" Abbasi alifoka.

"Baba, nyamaza dakika moja. Moja tu."

Alihesabu kimya. Kifua kikapanda, kikashuka. Dakika ilipokwisha akasema, "Mara sitini na nane. Mtoto wa umri huu akifika hamsini kwa dakika, tayari ni hatari. Na tazameni hapa, chini ya mbavu. Akivuta pumzi, panabonyea ndani. Mmeona?"

Waliona. Palikuwa panaingia kama shimo.

"Hiki ni kichomi, tena kikali. Mapafu yameingiliwa na vijidudu. Kuhesabu pumzi anaweza mama yeyote mwenye saa. Na kubonyea huku hakuhitaji hata saa. Ukikuona, husubiri kesho."

Alimchoma sindano ya kwanza ya dawa, akaandika barua ya rufaa, akaita bodaboda. Abbasi, Mwantum na mtoto wakapandishwa pamoja, wakachapa tope mpaka barabara kubwa, mpaka hospitali ya Mchukwi.

Kule Tasnim aliwekewa mpira wa oksijeni puani. Akapigwa picha ya kifua. Akatolewa damu. Aliyeitoa ni Deusdedit, mtaalamu wa maabara, kijana mrefu mwenye sauti ya upole.

"Kabla ya kwenda zahanati alipewa dawa yoyote?" aliuliza.

"Hapana," Abbasi akajibu haraka.

Mwantum akamgeukia. Abbasi akatazama ukuta.

Siku mbili alikaa na uongo ule. Tasnim alikuwa bado anahema juu juu. Daktari alipita, akatikisa kichwa, akaandika. Mwantum alizungumza na mumewe mara moja tu.

"Unaona aibu. Aibu yako na mtoto wangu, kipi kizito?"

Abbasi akainuka, akaenda kugonga maabara.

"Kaka, nilikudanganya. Nilimpa nusu ya rangi mbili. Kama nimemuua mwanangu, niambie sasa hivi, usinizungushe."

Deusdedit akamvutia kiti. "Hujamuua. Kaa. Afadhali umesema, maana nilikuwa nashangaa." Akamwonyesha chupa ndogo ndani ya kabati lenye joto. "Damu ya mtoto tuliitia humu. Ndani mna chakula cha vijidudu. Kama vimo, vinaota, kama mbegu kitaluni. Vikiota tunavitazama kwa hadubini. Tunavijua ni vya namna gani, na tunajua dawa gani inaviua. Ya Tasnim mpaka leo haijaota kitu."

"Si ndiyo vizuri?"

"Siyo hivyo. Mtoto mgonjwa, picha inaonyesha kichomi, damu haisemi. Ile nusu kidonge, na sindano ya zahanati, zinaweza kuvidumaza, visiote chupani. Sindano ilikuwa lazima, na iliandikwa kwenye barua. Kidonge chako hakikuandikwa popote. Nusu ile haitoshi kuviua, ila inatosha kuvificha tusivione. Tena vinavyobaki hai vinaweza kuwa sugu. Ngoja nimwambie daktari, ajue anapigana na nini."

Daktari aliposikia, hakumfokea mtu. Alibadilisha dawa siku ile ile. "Vilivyobaki huenda ni sugu," alisema. "Tunaleta yenye nguvu zaidi."

Siku ya pili yake Tasnim akashika ziwa. Mwantum akalia kwa sauti, wodi nzima ikageuka. "Alhamdulillahi," Abbasi alisema, akarudia, akarudia tena. Akatoka nje akajifuta uso kwa kofia.

Baada ya siku nane waliruhusiwa. Kabla ya kuvuka mto walipita zahanati. Abbasi alikuwa na swali lililomkereketa, na yeye halali na swali moyoni.

"Sista, nisikufiche. Mtoto alichomwa ile chanjo ya kichomi. Mbona kaumwa? Au serikali imetupiga changa la macho?"

Petronila akacheka. "Swali zuri, ila una mdomo! Kadi iko wapi? Haya, amepata moja. Zilitakiwa ngapi?"

"Tatu," Mwantum alisema, jicho kwa mumewe.

"Kijidudu kinacholeta kichomi zaidi kinaitwa pneumokoko."

"Jina kama dawa ya mbu."

"Liwe lolote. Kinakaa puani mwa watu wengi tu, hakiwafanyi kitu. Mtu akikohoa au akipiga chafya, kinarukia mwingine. Kikishuka kwenye mapafu ya mtoto, ndiyo haya mliyoyaona. Kikiingia kwenye damu au utando wa ubongo, ni balaa zaidi. Sasa wewe mkulima, niambie. Mpunga ni mmoja?"

"Mmoja vipi? Upo supa, upo afaa, ipo mingi. Ganda tu linakwambia huu ni upi."

"Basi na hiki kina aina zaidi ya tisini, na tunazitofautisha kwa ganda lake. Chanjo hii inaufundisha mwili kuyajua maganda ya aina kumi na tatu. Ni zile zinazoumiza watoto sana. Mwili ukiliona ganda, unashambulia."

Abbasi akakuna kichwa. "Kwa hiyo ile moja ilikuwa kama kumleta mgeni shambani. Kamwona kwelea siku moja, halafu ukamwacha peke yake aamie."

"Umesema wewe! Hajawajua vizuri, wala hana kasi. Sindano ya pili na ya tatu ndizo zinazomkomaza."

"Na hizo aina nyingine, ambazo hazimo kwenye kumi na tatu?"

"Hizo bado zipo, na vijidudu vingine vya kichomi vipo. Kwa hiyo hata akimaliza zote, akihema haraka mnakuja hapa. Chanjo inapunguza sana hatari, haiifuti yote. Na moshi wa kufukuzia mbu chini ya dungu, usiuache umwingie mtoto. Moshi unayadhoofisha mapafu."

"Tunaanza upya kuhesabu?" Mwantum aliuliza.

"Hapana, mama. Anaendelea alipoishia. Ya pili anachomwa leo. Ya tatu baada ya mwezi. Wala hazichomwi zote kwa mpigo, kama wanavyodhani watu fulani."

Mwantum akaziba mdomo kwa upande wa khanga akicheka. Abbasi akajifanya anatazama dari.

Tasnim akachomwa ya pili, akalia kwa nguvu zake zote. Abbasi alisema hajapata kusikia sauti tamu kama ile.

Walipofika dunguni walikuta mpunga umesimama. Mwinjuma na mkewe walikuwa wameamia mashamba mawili kwa siku tisa, sauti zimewakauka. "Ndege wako wana adabu kuliko wewe," Mwinjuma alisema kwa sauti ya kukwaruza. Abbasi alitaka kumjibu tusi. Badala yake alimkumbatia, Mwinjuma akashtuka karibu aanguke ngazini.

Jioni ile ile Abbasi alianza kupita dungu kwa dungu. Aliwaeleza watu yaliyompata, pamoja na uongo wake, hakujificha. Kisha akawapa shauri. Siku ya kliniki, wenye watoto wachanga wavuke wote pamoja. Waliobaki waamie mashamba ya waliovuka. Wakirudi, nao wawalipe wenzao kwa zamu ya kuamia.

"Na mwenye shamba akipungukiwa na mpunga?" mmoja alimuuliza.

"Anidai mimi. Mtoto akipungua, utamdai nani?"

Mwezi uliofuata mitumbwi minne ilitia nanga mbele ya zahanati. Walishuka akina mama kumi na mmoja, watoto kumi na wawili, maana mmoja alikuwa na mapacha. Abbasi alikuwa mbele, Tasnim begani, mnene, anavuta sikio la baba yake. Petronila alisimama mlangoni, mikono kichwani.

"Baba Tasnim! Umeniletea kijiji kizima?"

"Sista," Abbasi alisema. "Mimi shukrani sijui kuzisema. Sikufundishwa. Nimesema nikuletee hawa."

Petronila aliwatazama watoto wale, mmoja mmoja. Macho yakamlowa kidogo.

"Nimezipokea," alisema. "Haya, panga foleni. Na wewe usijipenyeze mbele kwa sababu tunajuana."