Bomba la Nyumba Nne

Kila asubuhi kabla ya shule Wasila alitumwa maji, na kila asubuhi alinuna. Tangu baba yake, sajenti, ahamishiwe kambi hii ya jangwani kusini mwa Algeria, hakuna kilichomfurahisha. Mchanga kitandani, mchanga kwenye mkate, mchanga masikioni! Kule Orani walikotoka, maji yalitoka jikoni. Hapa nyumba nne zilitegemea tangi moja na bomba moja uani, na lori la maji la jeshi lilikuja mara moja kwa wiki.

Siku hiyo alifungua bomba. Kimya. Akalizungusha mpaka mwisho, lisitoe hata tone.

"Jangwa gani hili!" alifoka, akaipiga ndoo teke na kwenda zake shule. Bomba hakulifunga. La nini? Mwakani si watahamishwa tena?

Aliporudi mchana aliwakuta akina mama wamesimama kwenye tope. Lori lilikuwa limekuja, likajaza tangi na kuondoka, na maji yote yakaishia mchangani kupitia bomba lililoachwa wazi. Kesho yake ilikuwa akika, karamu ya kuzaliwa, ya kichanga wa jirani yao, Mama Anis, na kambi nzima ilialikwa kula kuskusi.

"Ni wewe tu!" Mama Anis alimfokea mwanawe mdogo, Anis, amemshika sikio. "Nimekukataza mara ngapi kuchezea bomba?"

"Si mimi, mama! Wallahi si mimi!"

Wasila alitaka kujipenyeza ndani. Lakini Anis alilia kwa kwikwi, na roho ikamsuta.

"Mwache, Mama Anis. Ni mimi."

Mama yake alijishika kichwa. "Wasila! Mtoto wewe utaniua!"

"Maji hayakuwa yakitoka, mama. Halafu, hata hivyo tutahama."

"Tutahama, tutahama! Tunahama kesho? Wageni watakunywa mchanga? Chukua ndoo!"

Mpaka jua linazama Wasila aligonga milango ya nyumba za safu za nyuma, zilizokuwa na tangi zao, akieleza kosa lake mwenyewe na kuomba maji. Wengine walimcheka, wengine walimgombeza, ila wote walimpa. Mikono ilimuuma, lakini pipa la Mama Anis lilijaa.

"Mwanangu, mimi nimehamahama kuliko wewe," Mama Anis alimwambia, hasira zikimpungua. "Kila nilikofika nilikuta bomba zima, kwa sababu waliohama walilitunza. Lifunge hata kama halitoi. Na ukikosea, sema mapema, asiadhibiwe mwingine."

Wasila alimwomba Anis radhi. Mtoto alijipangusa makamasi, bado amenuna.

"Kesho nakuja na wewe bombani," alisema. "Wewe hujui kufunga."