Kijiti cha Siku Tupu

Jumamosi asubuhi, Aprili 1994, Minza alitoka kwake Katindiuka na kigae mkononi, kwenda kuomba kaa la moto kwa jirani yake, Mzee Melkiori. Alimkuta amelala jikoni, kisogo kimepasuka kwenye jiwe la meko. Mwili ulikuwa umeshakakamaa.

Sajini Elineema alipofika kutoka kituo cha Ifakara, saa tatu, watu walikuwa wameshahukumu. Shilinde, mume wa Minza, ni Msukuma mwenye ng'ombe, na wiki hiyohiyo ng'ombe wake walikuwa wameingia kwenye mpunga wa marehemu. Ushahidi gani tena, walisema. Vijana wenye mapanga walitamka waziwazi kwamba jua likizama boma lake litakuwa majivu. Sajini akampakia Shilinde kwenye gari la polisi ili kumlinda, kisha akaingia jikoni.

Majivu ya mekoni yalikuwa tope. Kuni zilikuwa zimeungua ncha tu, na juu yake palikuwa na sufuria ya uji mbichi. Mtu alikuwa amewasha moto, na mtu alikuwa ameumwagia maji.

Barazani palining'inia ubao wa mninga wenye safu za vitundu. Ule ubao una habari yake. Zamani Emerensiana, binti wa Melkiori, aliugua akalala kitandani muda mrefu, na baba yake akamtungia nchi isiyokuwapo popote, Sinzilo, pamoja na kalenda yake, ili kila asubuhi mtoto awe na siku ya kungojea. Kulikuwa na Mwezi wa Tope, Mwezi wa Kambale, Mwezi wa Mitumbwi. Kila siku kijiti kilisogezwa tundu moja. Mafuriko yakigusa nguzo ya mwisho wa shamba, mwaka umekwisha, na kesho yake ni Siku Tupu, isiyo ya mwezi wowote. Siku hiyo kijiti huachwa kikining'inia kwenye uzi wake, na moto hauwashwi. Emerensiana alifariki Siku Tupu. Mtaa mzima ulizijua hadithi za Sinzilo, lakini ubao waliugusa watu wa nyumba ile tu.

Sasa kijiti kilikuwa kimechomekwa kwenye tundu la chini kabisa, pembeni kulia.

"Mama Sayi," Sajini alimwita Minza kwa jina la mwanawe, "jana ulifika hapa?"

"Nilifika asubuhi, kuomba moto. Akaniambia, mama, leo Siku Tupu, hakuna moto. Nikaenda kuuomba dukani kwa Muhidin."

"Kijiti kilikuwa wapi?"

"Kinaning'inia. Mzee kakaa chini yake, hata chai hajanywa."

Alasiri akafika Anselim, mtoto pekee aliyebaki wa marehemu, mkazi wa Mlimba. Alilia kilio cha kweli, hata Sajini akaona vibaya kumhoji.

"Shikamoo, afande."

"Marahaba. Pole sana, kijana. Umefika lini?"

"Leo, kwa treni. Nimemleta mwanangu hospitali, habari nikazipata hukohuko."

"Unamshuku nani?"

"Si huyo mwenye ng'ombe?"

Sajini akachomoa kijiti, akamshusha Shilinde garini mbele ya watu wote.

"Chomeka mahali mwaka wa mzee unapoanzia."

"Mimi nitayajulia wapi hayo, afande?" Shilinde alikichomeka juu kushoto, kama ambavyo mtu yeyote angefanya.

"Anselim, na wewe."

Mkono wa Anselim ulishuka moja kwa moja hadi tundu la chini, pembeni kulia. Ndipo ukasita.

"Hapohapo ndipo nilipokikuta asubuhi," Sajini akasema taratibu. "Mwaka wa Sinzilo unapanda kama maji, kumbe. Moto uliomwagiwa maji ni wa Siku Tupu: baba yako alikufa jana, kabla mwaka haujaanza. Maiti hasogezi kijiti. Na mgeni angeanzia juu. Ulikuwa hapa."

Anselim akakaa chini, mavumbini.

"Mtoto alikuwa anawaka homa, hajala tangu Mlimba. Nikamwomba baba nimkorogee uji. Akasema leo ni siku ya dada yako, hatuwashi. Nikawasha mwenyewe. Akaumwagia maji, mtoto anaangalia. Nikamsukuma. Nikamwambia, mimi pia ni mwanao, na niko hai." Alifuta uso. "Nilimwacha anahema, nikakimbiza mtoto hospitali. Alfajiri nimerudi kumwomba radhi."

"Ukamkuta amekufa, ukasogeza kijiti."

"Tulilelewa hivyo. Anayeamka kwanza ndiye anayekisogeza."

"Na Shilinde je? Wangemchomea watoto leo."

"Nilisikia wanamtaja. Nikanyamaza." Hilo alilisema bila kumtazama jirani yake, na aibu ilimjaa usoni.

Vijana wakaanza kuondoka mmoja mmoja. Hakuna aliyemwomba Shilinde msamaha. Yeye alisubiri mpaka Anselim alipofungwa pingu, akamsogelea.

"Mtoto umemwacha na nani?"

"Na mgonjwa wa kitanda cha jirani."

"Amekula?"

Anselim akatikisa kichwa.

Shilinde akamgeukia mkewe. "Mama Sayi, mkorogee uji, umpelekee."

Minza aliokota kile kigae alichokiangusha asubuhi, akaenda kwa Muhidin kuomba moto.