Abee, Baba

Huyu bwana alikuwa jirani yetu. Mtaani tulimwita Mkia, kwa kuwa kwenye filamu jina lake hutokea mwisho kabisa, watazamaji wakiwa wameshavaa viatu. Hakukasirika. Alikuwa ameigiza mlinzi, mlevi, na maiti mara nyingi zaidi, katika filamu ndogo ndogo za watu wasio na kampuni wala mfadhili. Kufa, alikuwa anajua kufa. Hilo hata wasiompenda walikiri.

Mwishowe akaandika filamu yake mwenyewe. Baba amefiwa na binti. Kila asubuhi anasimama mlangoni pa chumba cha marehemu na kumwita. Mlango unabaki kimya. Mkewe, mshonaji, alisoma kurasa za mwanzo, akazirudisha, akaendelea kushona. Wao walijaliwa mara moja tu, mtoto wa kiume, akazaliwa kimya, akazikwa kimya. Mkia alimgeuza wa kike ili uchungu usimtambue.

Wakapata nyumba kuukuu ya kupigia picha. Asubuhi nyeupe, jua dirishani, mafundi wanataniana. Kamera ikawashwa. Mkia akausogelea mlango, akaita kama baba anavyoita.

"Mwanangu!"

"Abee, baba."

Sauti ndogo. Ya karibu, kama mdomo umegusa ubao.

Fundi sauti akavua vifaa vya masikioni, akausukuma mlango. Chumba kitupu. Vumbi limetanda sakafuni, halina hata unyayo.

"Kaka," akanong'ona huku akikunja nyaya zake, "wewe ndiye uliyemwita. Mimi sikumwita mtu."

Akaondoka. Wenzake wakamfuata mmoja mmoja, kila mtu na udhuru wake, na filamu ikafia hapo.

Mkia akarudi nyumbani mchana ule ule.

"Mke wangu, nimerudi!"

Mkewe alikuwa uani. Jibu likatoka chumbani.

"Abee, baba. Mama yuko wapi?"

Mkasi ukamponyoka mama wa watu mkononi.

"Si wetu," Mkia alimwambia, mdomo sikioni. "Wetu alikuwa wa kiume. Tena hakuwahi kutoa sauti."

"Najua."

"Basi usimjibu."

"Sijali ni nani. Ameniita mama."

Kwa kuwa sauti ile ilikuja tu Mkia alipopaza yake, akaufunga mdomo. Alipoitwa kuigiza, alikataa kwa kichwa, hata waliomwita wakachoka. Miaka yote ile ya kugonga milango ya watu, ikaishia hivyo. Nyumbani mkewe alimvuta shati: "Mwite, baba. Mara moja tu." Naye hasemi. Mke akakaa kwenye cherehani akishona kagauni kadogo. Kila juma alifumua upindo akaushusha kidogo, kana kwamba kuna anayekua.

Alasiri moja Mkia akaingia akakuta gurudumu la cherehani bado linazunguka. Kiti kitupu. Uani hayupo. Akaja kwetu, akauliza kwa mikono, hatukuwa tumemwona. Akarudi. Tulimfuata hadi mlangoni, tukamtazama akisimama sebuleni, jasho linamtiririka, anafungua mdomo na kuufumba. Alijua atakachokiita. Lakini angefanyaje? Alikuwa hana mwingine duniani.

"Mke wangu!"

"Abee."

Sauti ya mkewe. Kutoka chumbani.

Kisha nyingine.

"Abee, baba."

Tulikimbilia ndani. Hapakuwa na mtu. Dirisha limefungwa kwa ndani. Godoro lilikuwa limebonyea mahali pawili, pakubwa na padogo, ubavu kwa ubavu. Nilipagusa pale padogo. Palikuwa na joto.

Mama yule alitafutwa, hakuonekana tena. Mkia hajasema neno tangu siku ile, na kile chumba hakikanyagi. Analala sebuleni, sakafuni. Sisi majirani tulilichoma godoro lile, tukaweka jipya kitandani, tukafunga mlango kwa ufunguo.

Asubuhi tulipofungua, godoro jipya lilikuwa limebonyea mahali patatu; pa tatu palikuwa pa kimo cha Mkia, pangali baridi.